Karamu ya Haji Ghafoor kwa Kadi Yangu

Wiki jana, wasomaji wangu, niliwaacha mkono wangu ukiwa hewani. Leo niushushe. Ulitua shavuni kwa kaka yangu Shafqat, dukani kwake, mbele ya wateja watatu na mzee mmoja aliyekuja kununua kitambaa cha sanda.

Sababu mnaikumbuka. Taarifa ya kadi yangu ilikuja na malipo nisiyoyajua: rupia elfu thelathini na nane na mia sita, "Rehmat na Wanawe, Mgahawa, Gujranwala". Mimi nimezaliwa Gujranwala. Watu wa hapa wanajua migahawa kuliko wanavyojua majina ya binamu zao. Niliuliza kila mtu, na hakuna aliyewahi kula kwa Rehmat. Ujumbe wa benki nao sikuupata, kwa sababu namba waliyo nayo ni ya marehemu mume wangu, na laini ile niliizima mwaka juzi.

Nikayapinga malipo. Nikawaambia benki, mimi Tasneem, mjane, mwalimu wa kemia, sijala hapo, nirudishieni pesa yangu. Na kwa kuwa Shafqat aliwahi kuazima kadi ile kununulia dawa, na kwa kuwa Shafqat anapenda kware wa kukaanga kuliko anavyompenda mkewe, nikajua ni yeye. Sikuuliza mara mbili. Nikamzaba kibao.

"Dada," aliniambia, ameshika shavu, "mimi nikila, nakula kwa jasho langu. Toka dukani kwangu."

Nikatoka kifua mbele. Wallahi, nilitembea kama mtu aliyeshinda kesi.

Jumatatu benki wakanipigia simu. Nakala ya karatasi ya malipo imefika, njoo uione.

Anayenihudumia pale ni kijana anaitwa Waqas, mpole mno, mpole wa kuudhi. Akanikaribisha kiti, akaniulizia afya, akaniulizia mvua.

"Mwanangu, mvua utaiuliza mbinguni. Nionyeshe karatasi."

Akaisogeza mezani. "Hizi namba nne za mwisho ni za kadi yako, mama. Huu ni muhuri wa mgahawa. Na hapa chini ni sahihi ya aliyelipa."

Nikautazama muhuri. Karai la Dhahabu.

"Mbona hapa ni Karai la Dhahabu? Kwenye taarifa yangu mmeandika Rehmat."

"Rehmat ni marehemu baba yake mwenye mgahawa. Kibao cha nje kina jina moja, mashine ya kadi imeandikishwa kwa jina jingine. Wengi wako hivyo, mama."

"Na wiki zote hizi mlikuwa mnasubiri nini kuniambia? Mimi nazunguka mji mzima namtafuta Rehmat, kumbe Rehmat yuko makaburini!"

"Na sisi tumejua leo, mama."

Nikataka kumrukia. Lakini macho yangu yalikuwa yameshateremka kwenye sahihi. Haikuwa ya kuchorachora. Ilikuwa imeandikwa kwa herufi kubwakubwa, za mtu anayependa jina lake lisomeke: Abdul Ghafoor.

Nikasikia masikio yanawaka moto.

"Unamfahamu huyu mtu?" Waqas akauliza.

Namfahamu? Haji Abdul Ghafoor, mwenye kiwanda cha mapangaboi, ndiye baba yake Daniyal. Na Daniyal ndiye anayemuoa binti yangu Mahrukh. Ndoa ilikuwa imebaki siku kumi.

"Kwa nini unauliza?"

"Kwa sababu ukisema humfahamu, hili ni la wizi wa kadi, tunalipeleka polisi. Ukisema unamfahamu, basi mtaelewana wenyewe na unaandika kuyafuta madai."

"Nipe mpaka kesho," nikasema, nikaikunja nakala ile nikaitia kwenye mkoba.

Nje ya benki nilikaa kwenye ngazi nikaikumbuka jioni nzima ya Karai la Dhahabu.

Kwetu sisi bili hailipwi, bili inapiganiwa. Anayengoja iletwe mezani ni mjinga au bahili. Mjanja akifika tu anajifanya anakwenda kunawa mikono, kumbe anamfuata mhudumu na kumpenyezea kadi. "Ole wako uchukue ya mtu mwingine," anamwambia. Siku ile ya kula pamoja na wakwe, watu kumi na watatu, mimi ndiye niliyekwenda kunawa wa kwanza. Mjane sipaswi kupigana na wanaume, lakini kumpenyezea mhudumu kadi hakuna aliyenikataza.

Haji naye, kumbe, alikwenda kunawa.

Karatasi ilipoletwa, Shafqat na Haji walisimama pamoja kama majogoo. "Haiwezekani, Haji!" "Kijana, nitakasirika!" Wakashikana mikono ya kanzu mpaka kifungo cha Shafqat kikarukia kwenye mtindi. Haji akainyakua karatasi, akaipa meza mgongo, akasaini bila hata kuisoma, huku anacheka kwa ushindi. Baadaye mhudumu akanirudishia kadi yangu kwa adabu zote: "Mama, mzee ameshalipa." Na mimi, mwehu mimi, nikamuombea Haji dua ya riziki.

Kadi yangu ilikuwa imeshapitishwa kwenye mashine. Karatasi aliyoipigania Haji ilikuwa yangu.

Hilo peke yake ningelicheka. Kilichoniunguza ni yale yaliyofuata. Tangu siku ile, mkewe Haji, Bi Kausar, hakuwa na wimbo mwingine. Kwenye kupima nguo: "Sisi ndio tuliowalisha." Kwenye kupanga wageni: "Karamu ile si mchezo, mama Mahrukh." Akataka jokofu la milango miwili ndani ya vyombo anavyokwenda navyo bi harusi kwa mume, nikanunua. Akataka kiyoyozi, nikamwambia uwezo wangu umeishia kwenye jokofu, akanijibu huku anajipepea, "Mbona sisi hatukupima uwezo wetu tulipowalisha watu wako?"

Niliumeza ule mfupa. Niliumeza kwa ajili ya Mahrukh. Na sasa nimekaa kwenye ngazi za benki na karatasi mkobani inayosema niliumeza mfupa wa nyama yangu mwenyewe!

Nilifika nyumbani nikitweta. Mahrukh alikuwa ametoka kazini kwenye duka la dawa, anakunja shuka zake za harusi. Nikambwagia karatasi juu ya shuka.

"Soma. Soma umjue baba mkwe wako."

Akasoma. Akakaa kitandani taratibu.

"Mama, ni makosa ya mhudumu."

"Ni mhudumu anayeiambia dunia nzima kwamba Haji ametulisha?"

"Haji mwenyewe hajui."

"Atajua leo! Namwendea kiwandani sasa hivi, nambandikia hii kwenye paji la uso!"

Mahrukh akasimama akaziba mlango kwa mgongo. Sijapata kumuona hivyo.

"Mama, posa ya Sialkot ilivunjika kwa sababu ya nini?"

Nikaokota shuka moja nikaanza kuikunja.

"Sema, mama. Ilivunjika kwa nini?"

"Yule mama yao alinitukania mapishi."

"Ukamwambia maneno sita, wakabeba masanduku yao wakaondoka. Maneno sita! Nikakaa miaka mitatu naambiwa mtaani kwamba binti ni mzuri lakini mama yake ana ulimi. Daniyal alikuja pamoja na kusikia hayo. Nampenda, mama. Sioni haya kukwambia, nampenda." Machozi yalikuwa yanamteremka naye hayafuti. "Waachie hiyo pesa. Nitakulipa mimi kwa mshahara wangu. Lakini usifungue mdomo."

"Mwanangu, si pesa..."

"Najua si pesa. Weka mkono kichwani kwangu uape."

Nikaweka mkono kichwani kwa mwanangu nikaapa. 

Asubuhi nikampigia Waqas. Nafuta madai, nikamwambia, nileteeni karatasi nisaini.

Akakohoa kidogo. "Mama, kuna jambo. Pesa yako tulishaikata kutoka akaunti ya mgahawa tangu Ijumaa, na barua wamepewa. Mwenye mgahawa, Mzee Idrees, alikuja hapa jana jioni amefura. Anasema mwenye sahihi ile anamjua, na anakwenda kumtafuta mwenyewe."

"Na ninyi mkamwacha aende?"

"Mama, sisi ni benki. Hatufungi watu miguu."

Niliikata simu ile kwa nguvu mpaka kidole kikauma. Nikajitanda mtandio, nikaenda mbio dukani kwa Shafqat. Kumuomba radhi, ndiyo, na kumuomba aje akae nyumbani kama mwanamume wa upande wetu, maana nilihisi msiba unakuja.

Alikuwa anapima hariri. Hakuniangalia.

"Shafqat, nimekukosea. Si wewe uliyekula."

"Nilikuambia siku ile."

"Najua."

"Uliniambia nina tumbo la mbwa wa kinyozi, asiyeshiba. Mbele ya watu, dada. Yule mzee wa sanda mpaka leo akipita ananicheka."

"Nipige na wewe basi tuwe sawasawa."

Akaniangalia kwa mara ya kwanza. "Nikikupiga wewe, mama yetu atafufuka. Kuna nini?"

Nikamweleza. Akaacha mkasi, akafunga duka saa nne asubuhi, akanifuata. Ndugu yangu niliyemdhalilisha, hata kikombe cha chai hakudai. Nilipokuwa natembea nyuma yake nilijichukia.

Hatukukaa hata saa mbili. Gari la Haji Ghafoor likasimama mlangoni. Akashuka Haji, akashuka Bi Kausar, akashuka Daniyal akiwa mweupe usoni kama chaki. Hawakuwa na sanduku la peremende mkononi, na wakwe wasio na peremende hawaji kwa heri.

Shafqat akawakaribisha. Mahrukh akaleta chai. Akanipitia karibu na kuninong'oneza, "Umeapa."

Haji akakaa. Alikuwa ametulia kuliko nilivyotegemea. "Dada yangu," akaanza, "jana Idrees wa Karai la Dhahabu alikuja kiwandani kwangu. Wafanyakazi themanini wamesimamisha mashine wanasikiliza. Ananipungia barua ya benki. Anasema mjane wa watu kaandika kwamba kadi yake imeibiwa, na mwizi ni mimi."

"Haji, mimi sikuandika jina la mtu," nikasema, sauti nimeishusha chini kabisa. "Niliandika sijui aliyelipa. Sikujua."

"Nakuamini. Ndiyo maana nimekuja tulizungumze taratibu, mimi na wewe na kaka yako."

Na wallahi tungelizungumza taratibu. Lakini Bi Kausar hakuigusa chai. Alikuwa anaizungushia macho sebule yangu, mapazia yangu, picha ya mume wangu ukutani.

"Taratibu ya nini?" akadakia. "Haji, wewe una moyo laini. Watu tumewalisha, tumewapa heshima, halafu wanatuita wezi. Ndiyo njaa hiyo. Mtu aliyeachwa na marehemu bila kitu, hata akilishwa hashibi."

Mahrukh akanishika bega. Nilikiona kiapo changu, nawaambia kweli, nilikiona kinaondoka kupitia dirishani.

"Mmemlisha nani?"

"Mama!" Mahrukh akapiga kelele.

"Niache! Mmemlisha nani, Kausar?" Nilikuwa nimeshasimama, mkoba uko mkononi, karatasi iko nje, nimeibandika mezani mpaka chai ikamwagika. "Soma hapo! Namba ya kadi ni ya nani? Yangu! Ya mjane asiyeshiba! Wiki sita mnatembea mji mzima kunisimanga kwa karamu niliyoilipa mimi! Mumeo alisaini jina lake kwenye pesa yangu akacheka meno yote nje! Mlikula kware wangu, mkala mbuzi wangu, mkafuta mikono, na jokofu mkadai! Njaa iko kwangu au kwenu?"

 Bi Kausar alivuta mtandio wake usiloe chai. Shafqat alifunika macho. Na mimi, Mungu anisamehe, niliona raha. Raha ile niliyoiona dukani kwa Shafqat, raha ileile.

Haji Ghafoor hakupandisha sauti. Alitia mkono mfuko wa ndani wa koti, akatoa karatasi iliyokunjwa mara nne, akaikunjua, akaiweka juu ya chai iliyomwagika, kando ya ile yangu.

"Na wewe soma, dada yangu."

Ilikuwa taarifa ya kadi yake. Imepigiwa muhuri wa benki yake asubuhi ile. Rehmat na Wanawe, Mgahawa. Tarehe ileile. Rupia elfu thelathini na nane na mia sita.

"Mhudumu alirudi kwangu na karatasi ya pili," Haji akasema. "Akaniambia ya kwanza haikuchapa vizuri, nisaini tena. Nikasaini tena. Kumbe ya kwanza ilikuwa yako, akaogopa kusema, na hakuifuta. Nimeonana na Idrees asubuhi, nimemwonyesha hii, ameinamisha kichwa. Amelipwa mara mbili. Pesa yako ni haki yako. Na karamu nililipa."

Akakung'uta chai vidoleni. "Nilikuja na karatasi hii ili kaka yako aione, tucheke, tunywe chai."

Nilitafuta mahali pa kuweka macho yangu nikakosa. Nilikuwa nimedai haki yangu, na nilikuwa na haki, na sasa hakuna mtu mle ndani aliyekuwa na makosa kunizidi.

"Haji," Shafqat akaanza, "dada ana hasira za haraka lakini moyo wake..."

"Kaka, hasira zake nimezisikia, na mtaa wote umezisikia." Haji akamgeukia Mahrukh, na kwake sauti ilivunjika kidogo. "Mwanangu, wewe huna kosa. Lakini siwezi kumuozesha mwanangu kwenye nyumba ninayoitwa mwizi. Nipe pete."

Mahrukh hakulia. Hilo ndilo lililoniua. Aliivua pete kama anavua glovu za kazini, akaiweka kiganjani, akanyoosha mkono.

"Daniyal," Haji akasema, "ichukue."

Daniyal akaweka mikono nyuma ya mgongo.

"Ichukue, nimesema!"

"Baba, samahani. Sichukui." Akanitazama mimi, macho mekundu. "Mama, sema neno moja tu. Neno moja."

Mimi ambaye sijawahi kukosa neno tangu nizaliwe, nililitafuta lile moja kama mtu anayetafuta funguo ndani ya moto. Likatoka limechakaa.

"Nisamehe, Haji."

"Mimi nimekusamehe," Haji akasema. Nikavuta pumzi. Naye akainuka, akarekebisha koti. "Lakini sikuitwa mwizi mbele yangu peke yangu. Niliitwa mbele ya watu themanini wanaokula kwa mkono wangu, na Idrees aliniita hivyo kwa jina lako. Utakuja kiwandani sasa hivi, mashine zitazimwa, utasimama pale katikati na kusema ulinikosea. Ukisema, ndoa iko palepale. Usiposema, pete nitaichukua mimi mwenyewe."

"Kiwandani?" nikasema. "Mbele ya wanaume themanini? Mimi, mjane, mwalimu niliyewafundisha nusu ya dada zao?"

"Mbele ya hao hao."

Bi Kausar akatabasamu. Kidogo tu, pembeni ya mdomo, lakini nililiona tabasamu lile lote, na damu ikanipanda tena mpaka kwenye mizizi ya nywele. Kichwani mwangu yalikuwa yameshajipanga maneno kuhusu mama yake aliyemzaa.

Haji akatoka akaingia kwenye gari.

Mahrukh hakunisihi. Hakunikumbusha kiapo wala Sialkot. Alikwenda mlangoni, akarudi na viatu vyangu, akapiga magoti akavipanga mbele ya miguu yangu, cha kulia na cha kushoto, kama nilivyokuwa nikimpangia yeye alipokuwa anaanza shule. Pete ilikuwa bado kiganjani mwake.

Nje honi ikalia mara ya pili, na mimi bado nimesimama pekupeku.